Kaunti Imekunyima Kibali kwa Kuwa Shamba ni la Kilimo: Mlango wa Kugonga na Siku Ulizo Nazo

Barua ya kunyimwa kibali cha ujenzi nchini Kenya huwa na tarehe mbili: ile iliyoandikwa juu yake, na ile ya siku uliyoipokea. Sheria ya Mipango ya Ardhi na Matumizi ya Ardhi ya mwaka 2019 (Sheria Na. 13) inakupa siku 14 za kukata rufaa, na inazihesabu tangu uamuzi ulipotolewa, si tangu barua ifike mkononi mwako. Barua iliyolala mezani kwa karani siku tisa imeshakula zaidi ya nusu ya muda wako. Kwa hiyo, kabla hujampigia mtu simu, piga picha barua, bahasha yake na mhuri wa siku uliyoichukua. Kama ilikuja kwa barua pepe au kupitia mfumo wa kaunti wa mtandaoni, hifadhi ukurasa unaoonyesha tarehe na saa.

Hesabu yenyewe ni hivi. Siku ya uamuzi haihesabiwi. Jumapili na sikukuu zilizo katikati zinahesabiwa kama siku nyingine. Siku ya mwisho tu ndiyo inayohurumiwa: ikiangukia Jumapili au sikukuu, inasogea hadi siku ya kazi inayofuata. Uamuzi wa tarehe 3 unakufungia mlango tarehe 17.

Ukiona muda umeshapita, usikae kitako. Wasilisha rufaa siku hiyohiyo, iambatane na ombi la kuongezewa muda na ushahidi wa siku barua ilipokufikia. Kila siku unayoongeza baada ya kuijua barua ni siku utakayotakiwa kuieleza.

“Shamba la kilimo” kwa maana ipi?

Hapa ndipo watu wengi hupotea, na baadhi ya mawakala wa ardhi hupotea nao. Maneno “ardhi ya kilimo” yana maana tatu kwenye makaratasi ya Kenya, na kila maana ina ofisi yake.

Ya kwanza ni ile ya Sheria ya Udhibiti wa Ardhi (Sura 302). Kwa sheria hii, ardhi iliyo nje ya manispaa, mji au soko ni ya kilimo, hata kama hapajawahi kuota hindi moja. Ardhi iliyo ndani ya manispaa nayo inaweza kuingizwa humo kwa tangazo la Gazeti Rasmi. Sheria inatoa upenyo mmoja muhimu: kama hati yako ina sharti linalokataza kilimo, au linalotaka ardhi itumike kwa jambo lisilo kilimo, basi hiyo si ardhi ya kilimo tena kwa sheria hii. Kazi ya sheria hii ni kudhibiti miamala: kuuza, kukodisha, kuweka rehani, kugawanya shamba kuwa vipande vyenye hati zake. Bodi ya ardhi, inayoidhinisha miamala hiyo, haitoi kibali cha kujenga. Mtu anayekwambia “nilishaenda bodi, kwa hiyo jenga” amechanganya mambo mawili.

Maana ya pili ni ya mpango wa kaunti. Kaunti inapoandaa mpango wa matumizi ya ardhi, inachora maeneo: hapa makazi, hapa viwanda, hapa kilimo. Kibali cha ujenzi hupimwa dhidi ya mchoro huo. Hii ndiyo maana inayowanyima watu wengi kibali.

Ya tatu ni masharti yaliyo kwenye hati yenyewe, hasa ardhi ya kukodi kutoka serikalini, ambapo mkataba unataja matumizi. Unaweza kuwa ndani ya eneo la makazi kwenye mpango wa kaunti na bado ukafungwa na mkataba unaosema kilimo.

Ili ujue ni ipi kati ya hizo inayokubana, tafuta karatasi tatu: upekuzi rasmi wa rejista ya ardhi uliofanywa karibuni, kwa sababu wa mwaka jana hausaidii; nakala ya ramani ya rejista inayoonyesha namba ya kipande chako na majirani zako; na barua ya ofisi ya mipango ya kaunti inayosema kipande namba fulani kimo katika eneo la matumizi gani, chini ya mpango upi, na mpango huo ulipitishwa lini. Hiyo ya mwisho iombe kwa maandishi. Ofisa akijivuta, iombe kwa kutumia Sheria ya Haki ya Kupata Habari ya mwaka 2016, inayotaka jibu ndani ya siku 21. Usisubiri jibu hilo ndipo ukate rufaa. Siku 21 ni nyingi kuliko 14, na hesabu hiyo imewaponza wengi.

Maneno “ulipitishwa lini” yana uzito. Ofisa anaweza kukutolea ramani nzuri ya rangi ambayo ni rasimu tu, haijapitishwa na bunge la kaunti. Ukanda wa kijani kwenye rasimu haukufungi kama ulio kwenye mpango uliopitishwa, na hiyo ni hoja ya rufaa yenye nguvu kuliko malalamiko kumi kuhusu udongo usiozaa.

Rufaa, au ombi la kubadilisha matumizi?

Kama ardhi yako kweli imo katika eneo la kilimo na hukuwahi kuomba kubadilisha matumizi yake, rufaa haitakusaidia. Kamati ya kaunti inayosikiliza rufaa itakwambia kaunti ilifanya ilivyopaswa. Katika hali hiyo, zile ada za wakili zilipe kwa mtaalamu wa mipango ya ardhi, uanze upya kwa njia sahihi. Rufaa ifaayo ni pale ambapo kaunti imekosea kuhusu ukweli (imesoma namba ya kipande kingine, imetumia mpango usiopitishwa), imekataa bila kutoa sababu kwa maandishi, au imewakubalia majirani wa pande zote nawe ukakataliwa bila kuelezwa tofauti ni nini.

Kubadilisha matumizi ya ardhi ni ujenzi machoni pa sheria, ingawa hujaweka jiwe. Kwa hiyo ombi lake hupita njia ileile ya kibali, na likikataliwa siku zake ni zilezile 14.

Ombi lenyewe huandaliwa na mtaalamu wa mipango ya ardhi aliyesajiliwa na mwenye leseni ya mwaka huo. Omba namba yake uikague kwenye orodha ya bodi ya usajili, maana ripoti iliyosainiwa na mtu ambaye leseni yake imeisha hurudishwa, na muda wako umepotea. Fomu ya ombi wengi bado huiita PPA1, na ya uamuzi PPA2, majina yaliyobaki kutoka sheria ya zamani. Utaambatanisha nakala ya hati, upekuzi, kitambulisho na namba ya kodi, risiti za ushuru wa ardhi wa kaunti (na kodi ya ardhi ya serikali kama ni ardhi ya kukodi), ramani ya mahali, na ripoti ya mtaalamu. Tangazo hutolewa magazetini, kwa kawaida mawili yanayosomwa nchi nzima, na bango husimamishwa shambani likiwapa watu siku 14 za kupinga. Bango lipige picha likiwa na gazeti la siku hiyo kando yake, siku ya kwanza na siku ya mwisho. Jirani mmoja akija baadaye kusema hakuona chochote, picha hizo ndizo zitakazomjibu.

Ripoti ya mtaalamu ndiyo moyo wa jambo, na ndiyo inayofanywa kwa uzembe zaidi. Ripoti nyingi ni nakala ya ripoti ya shamba jingine na jina limebadilishwa. Ripoti inayofaa hujibu maswali ambayo idara zitauliza: barabara ya kuingilia ina upana gani (kwenye ugawaji wa ploti mara nyingi hutakiwa mita 9, na njia ya mita 6 iliyoachwa na babu haitoshi), maji yatatoka wapi, maji machafu yataenda wapi kama hakuna mtaro wa kaunti, na shimo litakuwa umbali gani kutoka kisima cha jirani, nyumba ngapi zitajengwa kwa ekari, mto uko wapi. Kisha iweke jedwali la vipande vya jirani ambavyo tayari vimebadilishwa matumizi: namba ya kipande, matumizi mapya, tarehe ya uamuzi. Jedwali la vipande sita vilivyo ndani ya nusu kilomita linafanya kazi kuliko kurasa ishirini za maelezo ya hali ya hewa.

Kaunti inapopokea ombi hulipeleka kwa idara nyingine kutoa maoni: kilimo, afya, barabara, maji, mazingira. Idara ya kilimo ndiyo inayowatia watu hofu, lakini mara nyingi haikatai kwa sababu ya kilimo chenyewe. Hukataa kwa sababu kipande kiko katikati ya mashamba yanayolimwa na ombi halionyeshi nyumba hizo zitaunganishwaje na huduma. Onyesha kwamba kipande kimeshikana na eneo lililokwisha kujengwa na upinzani hupungua.

Ukikubaliwa, kazi haijaisha. Badiliko liingizwe kwenye rejista ya ardhi. Ardhi ya kukodi huhitaji mkataba wa zamani urudishwe na mpya utolewe wenye matumizi mapya na kodi mpya. Wengi huishia kwenye barua ya kaunti, wakajenga, halafu benki inakataa rehani miaka mitano baadaye kwa sababu hati bado inasema kilimo.

Kaunti ikinyamaza

Sheria ya mipango ya 2019 inasema ukikaa siku 60 bila jibu la maandishi, kibali kinahesabiwa kimetolewa “kwa mujibu wa Sheria hii”. Kifungu hiki kinapendwa sana na mafundi. Kinakulinda, lakini si ngao ya chuma. Kwanza, unahitaji kuthibitisha siku ombi lilipopokewa likiwa kamili. Kaunti itasema lilikosa risiti fulani, kwa hiyo siku hazikuanza. Pili, maneno hayo “kwa mujibu wa Sheria hii” yanamaanisha kimya hakihalalishi jengo lililo kwenye ukingo wa mto au lililokosa masharti mengine.

Siku ya 61 peleka barua kwa waziri wa kaunti anayesimamia mipango: taja namba ya ombi, tarehe ya kupokelewa, namba ya risiti, kifungu cha 58, na useme kwamba unahesabu kibali kimetolewa na utaanza kazi tarehe fulani, tuseme wiki tatu mbele. Ipigwe mhuri wa kupokelewa. Barua hiyo humlazimu ofisa kujibu, na jibu lolote, hata la kukataa, linakupa kitu cha kukatia rufaa. Kuanza kuchimba msingi siku ya 61 bila barua ni kujitafutia tingatinga.

Rufaa kwenye kamati

Rufaa ya kwanza haiendi mahakamani. Inaenda kwenye kamati ya kaunti ya mipango ya ardhi, ambayo kwenye barua za serikali utaikuta kwa jina la Liaison Committee. Anayeweza kukata rufaa ni mwombaji au mtu yeyote mwenye maslahi aliyeumizwa na uamuzi, kwa hiyo jirani anayepinga ghorofa la mwenzake hutumia mlango huohuo. Kamati inatakiwa kusikiliza na kuamua ndani ya siku 14 tangu rufaa iwasilishwe.

Hati za rufaa si ndefu. Memoranda ya kurasa mbili au tatu, hati ya kiapo inayosimulia matukio kwa tarehe, na viambatisho vyenye namba. Huandikwa kwa Kiingereza mara nyingi, lakini hoja zipange kwanza kwa lugha unayofikiria. Hoja moja ikae kwenye aya moja, na iseme kosa, ushahidi na unachotaka. Mfano: “Uamuzi wa tarehe 3 unasema kipande kimo katika eneo la kilimo. Barua ya ofisi ya mipango, kiambatisho cha 4, inaonyesha mpango uliotumika ni rasimu isiyopitishwa. Naomba uamuzi ufutwe na ombi lipimwe upya kwa mpango uliopo.” Hoja ya aina hiyo inajibika. “Kaunti imeninyanyasa” haijibiki.

Peleka nakala nne: ya kamati, ya waziri wa kaunti, ya mtu aliyepinga kama yupo, na yako ya kupigwa mhuri. Usiondoke dirishani bila mhuri wenye tarehe.

Je, kama kamati haipo? Kuna kaunti zilizochelewa kuiunda, au wajumbe wake wamemaliza muda. Usiliamini neno la mdomo. Peleka rufaa kwa ofisi ya mipango vilevile, uandike barua kuuliza kamati itakaa lini, uipe siku saba. Jibu la kwamba hakuna kamati, au kimya kilichothibitishwa na mhuri, ndiyo tiketi yako ya kwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi ukiomba usamehewe hatua hiyo chini ya kifungu cha 9(4) cha Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya mwaka 2015. Ombi hilo la msamaha lazima liandikwe waziwazi. Kesi nyingi hutupwa kwa sababu mlalamishi alienda moja kwa moja kwa jaji, na wakili akadhani kutaja Katiba kunatosha. Mahakama ya Juu mwaka 2020, katika mgogoro wa wakazi wa Kisumu na viwanda vya Kibos, ilikataa mtindo wa kuchanganya madai mengi kwenye kesi moja ili kukwepa chombo cha kwanza kilichowekwa na sheria.

Notisi ya kusimamisha au kubomoa

Kujenga bila kibali ni kosa lenye faini isiyozidi shilingi 500,000 au kifungo kisichozidi miezi miwili, au vyote. Lakini kinachouma zaidi ni notisi ya utekelezaji, kwa sababu inaweza kukutaka uirudishe ardhi ilivyokuwa.

Ukiipokea, simamisha kazi siku hiyo. Slabu iliyomwagwa usiku baada ya notisi huua huruma yote uliyokuwa nayo kwa kamati. Piga picha jengo lilipofikia, kisha soma notisi kwa makini: inataja kipande gani, kosa gani, hatua gani unatakiwa kuchukua, inaanza kufanya kazi lini, na muda wa kutii ni upi. Notisi inayosema tu “simamisha ujenzi haramu” kwa rangi nyekundu ukutani, bila mambo hayo, ina udhaifu wa kisheria. Hata hivyo, udhaifu huo usemee kwenye rufaa, si kwa kuendelea kujenga.

Siku ni 14 tena, safari hii tangu ulipokabidhiwa, na kamati ina siku 30 za kuamua. Tofauti kubwa iko mbele: kutoka hapo, Mahakama ya Mazingira na Ardhi itakusikiliza kwa suala la sheria pekee. Maana yake ni kwamba vipimo, picha, risiti na mashahidi wote waingie kwenye kamati. Ushahidi ulioachwa nyumbani hautapata nafasi ya pili. Ndani ya rufaa hiyohiyo omba utekelezaji usimamishwe hadi uamuzi utoke, na usidhani kuwasilisha rufaa peke yake kumezuia tingatinga. Tishio likiwa la karibu, mahakama inaweza kuombwa amri ya muda kwa hati ya dharura.

Uamuzi wa kamati ukikuumiza, andaa rufaa ya mahakamani mara moja. Jiwekee siku 14 hata kama wakili anakwambia una zaidi.

Milango ya pembeni

Mgogoro kuhusu leseni ya mazingira ya NEMA, mamlaka ya kitaifa ya mazingira, hauendi kwenye kamati ya kaunti. Una chombo chake cha rufaa, Baraza la Kitaifa la Mazingira (National Environment Tribunal), na siku 60. Mara nyingi jirani hushindwa kwa kamati kuhusu kibali huku hoja yake kubwa ilikuwa leseni ya NEMA iliyotolewa bila majirani kuulizwa.

Wanaonunua ploti za futi 50 kwa 100 zilizokatwa kutoka shamba la kilimo wana tatizo lao. Kama hati mama haijagawanywa na idhini ya bodi haikuombwa ndani ya miezi 6 tangu mkataba, muamala wenyewe ni batili kwa mujibu wa Sura 302, na hakuna kibali kitakachotolewa kwa jina la mnunuzi. Mahakama inaweza kuongeza muda huo ukiwa na sababu. Mwaka 2018 Mahakama ya Rufaa ilikubali pia kwamba muuzaji aliyepokea fedha na kumweka mnunuzi shambani asiweze kujificha nyuma ya idhini aliyokataa mwenyewe kuitafuta. Hiyo inakusaidia kulinda umiliki. Kibali cha kujenga bado utakiomba upya, baada ya hati yako kutoka, na kama eneo ni la kilimo, kwa kuanzia kwenye kubadilisha matumizi.